Mlima wa Ngui na Nyonga ya Mama Mkwe

Nyinyi mnaoanza kazi ya eksirei mmenitumia ujumbe kupitia binti yangu, mkiniomba niwaandikie mambo ya zamani. Nimekubali, ingawa hilo neno zamani limenichoma kidogo. Nimestaafu juzi tu. Uzito wa aproni ya risasi, ile ya kuzuia miale, bado nausikia mabegani nikiamka, na nikikutana na mtu barabarani macho yangu yanampima unene kabla mdomo haujamsalimu. Mke wangu Mwikali ameniambia niache hiyo tabia kabla sijapigwa na mume wa mtu.

Huyo binti aliyeniletea ujumbe ni wa pili kwetu. Mko naye darasani na mnamjua kwa jina lake. Mimi namwita Mwaitu, ambayo kwa Kikamba ni mama yangu, na kabla sijamaliza mtajua kwa nini.

Nilipotembelea chuo chenu nilimwona mmoja wenu akimpiga mgonjwa picha ya kifua. Alibonyeza mchoro wa mtu mwembamba kwenye skrini, mashine ikajipangia kila kitu, picha ikatokea kabla sijavaa miwani. Nikafurahi kwa kweli. Sina wivu na mashine. Lakini nilimuuliza yule kijana, "Hiyo kilovolti iliyojiweka hapo ni nini?" Akaniambia, "Ni nguvu, mzee." Si jibu baya. Nikamuuliza, "Nguvu ya kufanya nini, na mwisho wake ni wapi?" Akacheka kwa heshima, akaniletea kiti nikae. Nilikaa, lakini swali langu nimekuja nalo mpaka hapa.

Mimi nilijibiwa swali hilo na Mwalimu Ngui. Huyu ndiye aliyenifundisha kazi, katika hospitali moja upande wa Kitui nilikoanza. Alikuwa mtu wa milima ya Mbooni, mfupi, mwenye sauti ya kufukuza kuku shambani, na moyo wake ulikuwa laini kuliko alivyotaka tujue. Wagonjwa wazee aliwashika mkono mpaka walale vizuri mezani. Sisi wanafunzi alitushika masikio.

Siku moja alinieleza bomba la eksirei. Ndani yake hakuna hewa, imetolewa yote. Upande mmoja kuna waya mwembamba kama ule wa balbu. Ukipashwa moto unatoa elektroni, zinabaki hapo zikizagaa karibu na waya bila kazi. Upande wa pili kuna kipande cha tangsteni. Ukiweka kilovolti kati ya pande hizo mbili, elektroni zinavutwa, zinakimbia kwa kasi ya ajabu mpaka zinaingia kwenye tangsteni. Huko zinapita karibu na viini vya atomu, zinapindishwa, zinapunguzwa mwendo kwa ghafla. Mwendo unaopotea lazima uende mahali. Karibu wote unakuwa joto, ndiyo maana bomba linahitaji kupumzishwa. Sehemu ndogo iliyobaki ndiyo miale yetu.

Niliitikia kwa kichwa kama mtu aliyeelewa. Ngui alinitazama, akajua sijaelewa chochote.

"Musyoka, umewahi kushuka Mbooni na baiskeli haina breki?"

"Hapana, Mwalimu."

"Mimi nimeshuka. Nyuma nimebeba gunia ya avokado. Sasa sikia. Kule kwetu kuna njia mbili za kusimama. Ya kwanza, unaburuta kiatu. Kiatu inashika moto, unapunguza pole pole, hakuna mtu anasikia. Ya pili, unagonga ukingo wa barabara. Tu! Avokado zote ziko chini, na hiyo kishindo inasikika mpaka kanisani."

"Na elektroni, Mwalimu?"

"Ni vile vile. Wengi wanaburuta kiatu, hiyo ni joto. Wengine wanagonga kidogo, wanaendelea, wanagonga tena. Hao wanatoa miale hafifu, yenye mawimbi marefu. Lakini kuna mmoja mmoja anasimama mara moja tu, anatoa kila kitu alikuja nayo. Huyo ndiye anatoa mwale mkali kabisa, wimbi fupi kuliko zote. Sasa niambie wewe. Huyo anaweza kutoa kishindo kubwa kuliko mlima alishuka?"

"Hawezi."

"Basi umemaliza fizikia. Kilovolti ndiyo mlima. Nenda ulete mgonjwa."

Niliposoma vitabu baadaye nilikuta maneno mengi zaidi, lakini sikukuta ya kuyapinga haya. Elektroni haiwezi kutoa zaidi ya ilichopewa. Kwa hivyo kila kilovolti ina wimbi lake fupi la mwisho, na chini ya hapo hupati mwale hata mmoja, ufanye utakavyo. Badilisha tangsteni uweke chuma kingine, miale itabadilika kwa mambo mengine, lakini mpaka huo utabaki palepale. Ngui alinipa na hesabu yake ya mfukoni: kumi na mbili nukta nne, gawanya kwa kilovolti, jibu ni urefu wa hilo wimbi kwa angstromu, kipimo cha vitu vidogo mno. Kwa kilovolti sitini na mbili unapata sifuri nukta mbili. Jaribuni wenyewe, haiumi.

Kuna kitu kingine alichokirudia kwangu mara nyingi mpaka nikakiota. Ukiongeza mkondo, au ukiongeza muda wa kupiga, umeongeza idadi ya baiskeli tu. Mlima haujapanda hata inchi. Utapata vishindo vingi, vya ukubwa uleule. "Wingi si ukali," alikuwa akisema, na kama umekosea alisema huku ameshika sikio lako.

Msidhani basi kwamba mlima mrefu ndio mzuri siku zote. Niliwahi kupelekwa Tseikuru na mashine ndogo ya kubebwa na jenereta iliyokuwa ikikohoa kuliko wagonjwa. Mfugaji mmoja alikuja na mbuzi begani. Mbuzi alikuwa anachechemea, na yule mzee hakutaka kusikia habari za daktari wa mifugo aliye mbali.

"Si hiyo ni mguu? Na hiyo mashine yako si ya kuangalia mguu?"

"Mzee, hii ni ya watu."

"Nilikuuliza kama ni ya watu? Nimekuuliza kama inaona."

Nilishindwa. Baada ya watu wote kwisha nikampiga mbuzi picha. Sikubadilisha kilovolti, nikaiacha ilipokuwa kwa mgongo wa mtu mzima. Miale ikapita kwenye mfupa na kwenye nyama bila kutofautisha, picha ikatoka ya kijivu kila mahali, kama uji. Ikabidi nishushe kilovolti sana, nipate miale laini inayozuiwa na mfupa na kuachiliwa na nyama, ndipo mguu ukaonekana. Haukuwa umevunjika. Mzee akafurahi, akaniuliza kwa nini sikumwambia mbuzi ashike pumzi kama nilivyowaambia wengine. Nami nawaambia nyinyi: kimo cha mlima kinategemea unachotaka kupita. Kabla ya kuweka kilovolti, mjue aliyelala mezani.

Hapo ndipo nilipokwama siku moja, na hiyo ndiyo siku niliyotaka kuwasimulia tangu nilipoanza.

Wakati huo nilikuwa nimehamia hospitali ndogo upande wa Kathonzweni, mpiga eksirei pekee. Umeme ulitufikia mwisho kabisa wa laini, umechoka. Mashine ilikuwa na sindano ndogo na alama nyekundu. Kabla ya kila picha unazungusha kitufe mpaka sindano ifike kwenye alama, ndipo kilovolti unayoisoma iwe ya kweli. Kinu cha posho pale sokoni kikiwashwa, sindano inaanguka. Tulijifunza kuishi hivyo. Watu wakisaga mahindi, sisi tunapiga vidole na mikono. Kinu kikinyamaza, tunapiga migongo na nyonga.

Sasa niwaeleze kuhusu mama mkwe, maana wengine wenu mmekulia Nairobi. Kwetu Ukambani mwanamume na mama yake mkewe huheshimiana kwa kukwepana. Tunaita nthoni. Humtazami usoni, hamkai chumba kimoja, jina lake hulitamki. Ukimwona njiani anakuja, mmoja wenu anaingia kichakani. Siku hizi watu wengi wameilegeza, na makanisa yamesaidia kuilegeza. Mama mkwe wangu aliimba kwaya, aliomba kwa sauti kuliko mchungaji, lakini nthoni yake hakuigusa. Siku ya harusi yangu alikuwa jikoni. Kwa miaka yote iliyofuata nilimjua kwa leso na mgongo. Binti yetu wa pili alipozaliwa, desturi ikampa jina la bibi yake huyo. Sasa ningemwitaje mtoto wangu jina nisiloruhusiwa kulitamka? Nikamwita Mwaitu, na sikuwahi kuacha. Hata hapa jina hilo sitaliandika, mkitaka mkamuulize mwenyewe darasani.

Asubuhi moja mama mkwe aliteleza kwenye mtaro wa shamba akichuma mbaazi. Hakuweza kuinua mguu. Aliletwa na Mwikali, pamoja na Mzee Kilonzo, kaka wa mama mkwe, mwenye pikapu. Daktari wetu kijana alimpima akashuku nyonga. Akasema kama picha itaonyesha ufa, gari la hospitali linaenda mjini Wote mchana huohuo na atapelekwa akafanyiwe upasuaji. Kama picha haionyeshi kitu, atampa dawa ya maumivu.

"Na isipoonyesha," akasema Mzee Kilonzo, "mimi nampeleka akandwe. Kuna mama huko kwetu anavuta mguu vizuri sana, mpaka inalia."

Niliposikia hilo la kuvuta, nikaenda kuwasha mashine. Kama shingo ya mfupa wa paja imepata ufa na bado imeshikana, mtu akiuvuta ule mguu ataimaliza kabisa. Yote yalikuwa juu ya picha yangu. Ikisema ukweli, mama aliyemzaa Mwikali atatembea. Isiposema, atabaki kitandani maisha yake yaliyobaki, na mimi nitaishi na mke ninayempenda nikijua kosa ni la picha yangu.

Nesi wa zamu alikuwa Syombua, mwanamke wa maneno matamu na hekima nyingi. Akamsukuma mgonjwa mpaka mlangoni kwangu. Mama mkwe akauliza ni nani anayepiga picha. Akaambiwa. Nikasikia leso ikivutwa usoni.

"Hapana," akasema. "Arudi kwao. Hata mifupa yangu asione."

Mwikali alilia. Mzee Kilonzo akasema yeye alijua tangu mwanzo kwamba hospitali ni kusumbuana tu, akatafuta funguo za pikapu. Syombua ndiye aliyetuokoa. Alitundika shuka katikati ya chumba. Akamwambia mama kwamba mimi nitakaa nyuma ya ukuta wa risasi, sitachungulia, na yeye Syombua ndiye atakayemlaza na kumpima. Mama akafikiri.

"Na asiongee," akasema.

Basi nikakaa nyuma ya ukuta wangu kama mtoto aliyefungiwa. Nilimwelekeza Syombua kwa kuashiria na kwa kunong'ona, aweke kaseti ya filamu hapa, bomba pale, mguu asiuzungushe. Nikampa kipimio cha unene apime nyonga, akanitajia kipimo. Kilikuwa kipimo cha mtu wa wastani. Nikaweka kilovolti ya mtu wa wastani, nikapiga.

Picha ilitoka nyeupe. Nyonga yote ilikuwa wingu moja. Miale ilikwama mwilini, haikufika kwenye filamu.

Hapa sasa mjifunze jinsi woga unavyomla mtu akili. Mimi, mwanafunzi wa Ngui, nilirudi nikaongeza muda. Kilovolti niliiacha, nikaongeza muda tu, nikapiga tena. Pembeni penye nyama kidogo filamu ikawa nyeusi tii. Katikati, pale nilipotaka, peupe vilevile. Nilikuwa nimetuma baiskeli nyingine nyingi kutoka kilima kilekile kifupi, na mama wa watu nimemwongezea miale bure, ile ya mawimbi marefu inayoishia kwenye ngozi bila faida. Nilisimama kwenye chumba cha giza cha kusafishia picha na filamu inachuruzika mkononi, nikausikia mkono wa Ngui sikioni.

Nilitoka nikamwita Syombua nyuma ya ukuta.

"Sista, hicho kipimo kiko sawa kweli?"

Akaangalia chini. "Kwani kiko na shida?"

"Picha inasema mgonjwa ni mkubwa kuliko vile uliniambia."

"Ai, Musyoka!" akanong'ona. "Sasa ningekuambia aje? Nikwambie mama mkwe wako ni mnene? Mimi pia nililelewa."

Alikuwa amepunguza. Kwa heshima, amechukua kipimo cha mama wa watu, akakikata kidogo, kama vile mtu anavyopunguza maneno makali akipeleka ujumbe. Sikuweza kumkasirikia. Ningekuwa mimi, ningefanya vivyo hivyo. Tukabaki tunatazamana, sisi watu wawili waliolelewa vizuri, na mgonjwa hajapigwa picha.

Ndipo sauti ikatoka upande wa pili wa shuka. Sauti ya kwaya ile.

"Syombua! Mwambie ukweli! Mwambie mimi ni mnene! Nimekula kwangu, sijakula kwake!"

Huko nje nilisikia Mwikali akicheka na kulia pamoja.

"Asante, Mama," nikasema.

Hayo ndiyo maneno yangu ya kwanza kwa mama mkwe wangu, kwa miaka yote ile. Yalinitoka kabla sijayazuia. Hakunijibu, lakini pia hakusema nisiongee tena.

Syombua akapima upya, akanitajia kipimo cha kweli bila aibu, kwa sauti kubwa. Nikajua mlima ninaouhitaji, zaidi ya kilovolti themanini. Nikazungusha kitufe cha mashine mpaka mwisho. Sindano ikapanda, ikasimama njiani, ikakataa kufika kwenye alama nyekundu. Nikasikiliza. Sokoni kinu cha posho kilikuwa kimeanza kunguruma. Hata ningeandika themanini kwenye mashine, mlima wa kweli ungekuwa mfupi kuliko maandishi, na picha ingekuwa ileile.

Nikatoka nje, nikamkuta Mzee Kilonzo ameshawasha pikapu.

"Mzee, nisaidie. Nenda pale kwa posho, uwaombe wazime kidogo tu."

"Wazime kinu? Kwa sababu ya picha?"

"Kinu kinakunywa umeme yangu. Miale haina nguvu ya kupita."

"Si uongeze?"

"Nimeongeza, mzee. Nimeongeza nyingi. Sasa nataka kali."

Alinitazama kama ninatafuta kisingizio. Lakini yule aliyelala ndani ni dada yake, na usoni nadhani nilionekana vile nilivyokuwa. Akashuka kwenye gari akaenda. Nilisikia kutoka mbali wanawake wenye mahindi yao wakimwuliza yeye ni nani wa kuzima posho, naye akiwajibu kwa maneno ambayo siwezi kuyaandika mbele ya wanafunzi. Kisha kinu kikapungua, kikakohoa, kikanyamaza.

Sindano ikapanda ikakaa juu ya alama nyekundu kama imewekwa na mkono.

"Mama, usitikisike," nikasema. Nikapiga.

Sijui kama nyinyi mtawahi kujua chumba cha giza. Sikitamani chote, dawa zake zilinuka na mikono ilipasuka. Lakini picha haikukujia ghafla kwenye skrini. Ilikuja polepole ndani ya dawa, chini ya taa ndogo nyekundu, nawe umeinama juu yake. Siku ile ulianza kutokea ukingo wa nyonga, halafu lile duara kubwa la katikati, halafu kichwa cha mfupa wa paja ndani ya kikombe chake. Na kwenye shingo ya mfupa, mstari mwembamba mweusi, ufa, pande mbili bado zimeshikana.

Nilitakiwa kukimbia na ile filamu. Nilichelewa kidogo. Mjue kwamba huyo ni mtu ambaye sikuwa nimewahi kumwona, na sasa ndiyo nilikuwa namwona, na nilianza na mifupa. Nikatazama lile duara la katikati. Nikakumbuka kwamba Mwikali wangu alipitia hapo kuja duniani. Nililia, sioni haya kusema. Kwa bahati nzuri chumba cha giza hakina mashahidi.

Daktari aliiinua filamu mbichi kwenye mwanga, akauonyesha ule mstari kwa kalamu. Mzee Kilonzo alisogea mpaka pua ikakaribia kugusa.

"Na huyo mama wa kukanda angevuta hapa?" akauliza.

"Hapo hapo," daktari akasema.

Mzee Kilonzo akaenda kuzima pikapu yake. Gari la hospitali likaenda Wote mchana huo, Mwikali ndani yake, amemshika mama yake mkono. Alifanyiwa upasuaji. Akarudi na fimbo, akaimba tena kwaya, akirusha ile fimbo kwenye kiitikio.

Baadaye wazee walinishauri nipeleke mbuzi na blanketi ili nthoni ilegezwe, kwa kuwa tumeshaongea na haiwezekani kurudisha maneno mdomoni. Nilipeleka. Mchungaji akaomba, mbuzi akaliwa. Kuanzia siku hiyo tulisalimiana, tukajuliana hali, tukakaa hata kwenye kivuli kimoja. Lakini kitu kimoja hakikulegea. Mdomo ulifunguliwa, macho yangu yalikuwa yameshazoea ardhi. Nilimwongelesha nikitazama viatu vyake. Ninavijua viatu vya mama mkwe wangu vyote, pea kwa pea.

Mwaka huu amezeeka, tumemleta akae kwetu. Likizo iliyopita Mwaitu alikuja nyumbani na daftari zake za fizikia. Tulikuwa nje tukibambua mbaazi, bibi, mjukuu na mimi, Mwikali akiwa jikoni. Mwaitu alikuwa akisoma kwa sauti mambo ya elektroni na mawimbi mafupi, akikwama. Bibi yake akauliza wanasoma nini hicho kisichoeleweka. Nikaanza kumwelezea kwa Kikamba, na kwa kuwa sikuwa na lingine nilitumia mlima wa Ngui na baiskeli na avokado. Alicheka sana hapo penye avokado. Kisha akaacha kucheka.

"Rudia huyo anasimama mara moja," akasema.

"Huyo anatoa kila kitu alikuja nayo," nikasema, macho kwenye ungo.

"Na baada ya hapo?"

"Hana kingine, Mama. Hakuna anaweza kutoa kumshinda huyo. Huo ndio mwisho."

Akabambua maganda mengine mawili matatu.

"Basi huyo ni mimi," akasema. "Mungu alinipa msichana mmoja. Wenzangu walikuwa nao wengi, wakatoa mmoja, wakapumzika, wakatoa mwingine. Mimi ile siku ulikuja na wazee wako kumposa nilisimama mara moja. Nyumba ikabaki kimya."

Mwaitu alikuwa ameacha kusoma. Kutoka jikoni nilimsikia Mwikali akiimba, na nilijua kwamba sauti ile nimeishi nayo, nimeamshwa nayo, nimezeeka nayo, na mtu niliyepaswa kumshukuru amekaa hatua moja kutoka kwangu nami nimekuwa nikishukuru viatu.

"Sasa Musyoka," akasema mama mkwe, "unataka nikupe nini ingine, ndiyo uniangalie?"

Niliinua macho. Ana uso wa Mwikali, umezeeka zaidi kidogo, na alikuwa ananicheka.